Jiwe likisukumwa angani, nani ataamua litakapoangukia?

Mnamo Februari 2025, wanasayansi walikadiria kuwa asteroidi 2024 YR4 ilikuwa na uwezekano wa asilimia 3.1 wa kuigonga Dunia Desemba 22, 2032. Kabla ya mwezi huo kwisha, vipimo vipya viliiondoa hofu hiyo.

Hata hivyo, kuna jambo lililopita kimya kimya. Ukanda ambamo jiwe hilo, lenye upana wa takriban mita 60, lingeweza kuangukia ulianzia Bahari ya Pasifiki, ukavuka Atlantiki na Afrika hadi Asia Kusini. Marekani, ambayo mwaka 2022 ilikigongesha chombo cha DART kwenye jiwe Dimorphos na kuubadilisha mzunguko wake, haikuwemo.

Utata uko hapa. Jiwe likisukumwa kwa nguvu haba, haliikosi Dunia. Linasogea tu ndani ya ukanda uo huo, pengine kutoka nchi moja hadi nyingine. Kundi la kimataifa lililoundwa baada ya kimondo kulipuka Chelyabinsk, Urusi, mwaka 2013 hutoa ushauri tu, halina mamlaka ya kuamua. Asteroidi Apophis itapita salama Aprili 13, 2029, na Waafrika wataiona kwa macho matupu. Serikali zao zingeuliza swali hili kabla ya siku hiyo.