Rimoti ya Mchezo Iruhusiwe Maabara

Muhula huu liko swali moja ambalo limewagawa watu katika shule yetu hapa Kakiika, na kabla baraza la wanafunzi halijalikata naomba nafasi nitoe maoni yangu. Swali lenyewe ni hili: Je, sheria yetu ya kukataza vifaa vya michezo ya televisheni yahusu pia ile rimoti nyeupe aliyokuja nayo mdogo wetu wa kidato cha tatu kutoka makazi ya Nakivale? Wako wasemao ifungiwe kabatini mpaka siku ya kufunga shule. Mimi nasema ipewe meza maabara.

Kwanza yafaa tukijue kitu tunachokibishania, maana wengi wamekihukumu bila kukishika. Rimoti ile ilitengenezwa na kampuni ya Nintendo ya Japani kwa ajili ya mchezo wao uitwao Wii, uliotoka mwaka 2006. Mchezo ule ulipendwa mno, hata masanduku yake zaidi ya milioni 100 yaliuzwa duniani. Mchezaji wa Wii habonyezi vifungo tu. Huurusha mkono kama mcheza tenisi, na mtu aliyemo katika televisheni naye hurusha wake. Leo watu wengi wa Ulaya na Marekani wamekwisha kuiacha Wii, wana michezo mipya, na mabaki yake hufika kwetu pamoja na mitumba. Hii ya mdogo wetu ilifika hivyo hivyo, rimoti peke yake bila sanduku lake, na aliyemwuzia hakujua ni ya kazi gani. Watu wakaitazama wakasema, “Ufunguo bila kufuli, wa nini?”

Lakini rimoti hii ina kufuli nyingi. Ndani yake mna vitu vitatu vya kustahili heshima. Cha kwanza ni kipima mchapuko, kidude kidogo kinachopima msukumo wa pande tatu: mbele na nyuma, kulia na kushoto, juu na chini. Cha pili ni kamera ndogo mbele yake, ambayo haioni nyuso zetu, bali huona miale ya infraredi, na yaweza kufuata nukta nne za miale hiyo kwa wakati mmoja. Cha tatu ni redio ya Bluetooth, ile ile iliyomo katika simu za baba zetu. Basi chombo kinachosema kwa Bluetooth chaweza kusikiwa na kompyuta yoyote yenye Bluetooth, maadamu kompyuta hiyo imefundishwa lugha yake.

Na kufundishwa imekwisha kufundishwa. Tangu mwaka 2011, toleo la 3.1 la Linux lina sehemu ya kuitambua rimoti hii. Linux hutolewa bure, na hukubali kukaa hata katika kompyuta kuukuu kama ile iliyo pembeni mwa maabara yetu. Kazi ya kuziunganisha si ndefu. Tia betri mbili za kawaida. Fungua ukurasa wa Bluetooth katika kompyuta. Kisha bonyeza vifungo vya 1 na 2 vya rimoti kwa pamoja. Taa zake nne za buluu zitapepesa kwa muda wa sekunde 20 hivi. Wakati zinapepesa, kompyuta itaonyesha jina linaloanza na neno Nintendo; lichague. Ikiulizwa namba ya siri, acha pasipo namba uendelee. Ikikataa, fungua kifuniko cha betri, ubonyeze kifungo chekundu kilichomo, ujaribu tena. Kama kompyuta haina Bluetooth, kiko kidude cha kuchomeka ubavuni kinachoipa. Sharti mtu awe na subira, maana ziko rimoti za bandia ambazo hazisikii neno.

Wenzetu wengine wameuliza juu ya vile visanduku vya Android vya kuunganisha na televisheni. Hapo nitasema wazi ili mtu asitupe fedha zake. King'amuzi cha kawaida cha kupokea matangazo hakikufanywa kwa kazi hii. Na visanduku vya Android navyo, tangu toleo la 4.2 la mwaka 2012 lilipobadili namna yake ya Bluetooth, mara nyingi havielewani na rimoti ya Wii. Mwenye kisanduku cha namna hiyo, chenye Android ya 10 au ya baadaye, afadhali atafute pedi ya PlayStation 4, ambayo nayo ina vipimo vya mwendo ndani yake. Abonyeze kifungo cha PS pamoja na kile cha Share mpaka taa ianze kupepesa, naye ataiona katika orodha ya kisanduku. Kwa rimoti yetu, kompyuta ndiyo njia.

Pia uko uzushi mmoja ambao nataka kuukata. Wamesema kwamba pasipo ule mwamba mwembamba unaowekwa juu ya televisheni, rimoti ni kipofu. La hasha! Mwamba ule hauoni kitu wala hausikii kitu. Una taa ndogo za infraredi katika ncha zake mbili, basi. Macho yamo katika rimoti yenyewe. Mishumaa miwili iliyowekwa mbalimbali kidogo yafanya kazi ile ile, kwa sababu moto hutoa infraredi. Kwa hiyo hiyo jua nalo huipofusha; atakayeitumia mchana afunge madirisha ya upande wa jua.

Sasa nije kwenye shauri lenyewe. Tangu mwaka 2020 kidato cha kwanza mpaka cha nne katika Uganda husoma kwa mtaala mpya, na mtihani wa kwanza wa mtaala huo ulifanywa mwaka 2024. Katika mtaala huu mwanafunzi hatakiwi kukariri tu. Hutakiwa kufanya mradi wake mwenyewe, na mradi huo una hesabu yake katika cheti. Haya ni mema. Lakini mradi wa fizikia bila vyombo vya kupimia ni sawa na kulima kwa kucha. Tazameni kabati la maabara yetu: saa za kupimia muda zagombewa, na kipima mchapuko hakimo hata kimoja. Kisha mtoto wa kidato cha tatu aja nacho mkononi, nasi twataka kumnyang'anya kwa sababu kilizaliwa katika mchezo!

Mdogo wetu alikwisha kupanga mradi wake kabla ya ugomvi huu kuanza. Anataka kuilaza rimoti juu ya meza na kusoma namba zake. Atakuta kwamba chombo kilichotulia kabisa chaonyesha mchapuko mmoja wa uvutano, yaani kama mita 9.8 kwa sekunde kwa sekunde, maana meza yakisukuma juu. Kisha anataka kuiachilia ianguke juu ya godoro. Na wakati inapoanguka namba itashuka karibu na sifuri. Jambo hilo tulisomeshwa kwa maneno, na nusu ya darasa hatukulisadiki. Tena anataka kuining'iniza kwa kamba iwe timazi ya kupembea, kompyuta iandike kila kupembea kwake. Iko mipaka: kwa kuizungusha kwa nguvu nyingi namba hufika kikomo, kwa kuwa kipimo chake huishia kama mara tatu ya uvutano. Lakini kujua kikomo cha chombo chako ni fizikia pia. Ikifungiwa kabatini mpaka mwisho wa muhula, mradi huo umekufa, naye ataandika tena juu ya chemchemi na mawe ya mizani kama sisi sote tulioandika kabla yake.

Kama kuna asiyesadiki kwamba kazi ya maana yaweza kutoka katika kitu cha kuchezea, namwambia habari za Johnny Chung Lee. Mwaka 2007, akiwa mwanafunzi katika Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon huko Pittsburgh, Marekani, alichukua rimoti hii, ambayo wakati ule iliuzwa kwa dola 40 hivi, akaielekeza kwenye ukuta uliomulikwa na projekta. Akafanya kalamu kwa taa moja ya infraredi, betri moja na kifungo. Alipoigusa kalamu ukutani, rimoti iliiona nukta yake, na kompyuta ikaandika pale pale. Ubao wa namna hiyo uliuzwa madukani kwa zaidi ya dola 1,000. Baadaye alialikwa kufanya kazi Microsoft. Taa ya infraredi nasi twaweza kuipata katika rimoti kuukuu ya televisheni. Kama hujui bado yawaka, itazame kwa kamera ya simu, nawe mara nyingi utaiona ikimetameta kwa rangi ya zambarau.

Nasikia watu wakisema, “Leo rimoti, kesho sanduku zima, keshokutwa shule ni kibanda cha video.” Siwacheki wasemao hivyo. Vibanda hivyo mjini Mbarara twavijua, na tumeona vijana wakiacha nauli yao ya kurudia nyumbani mle ndani. Lakini sheria njema hutazama matumizi pamoja na kitu. Kisu jikoni ni chombo cha mpishi. Kisu bwenini ni kesi. Panga tunalofyekea majani halikukatazwa shuleni, limewekewa stoo, ufunguo na mtu wa kuulizwa. Kwa nini tusifanye vivyo hivyo kwa rimoti?

Wengine wasema kwamba kukiunganisha chombo cha mtu na kitu asichokikusudia ni kama kuvunja nyumba yake. Mwaka 2010 kampuni ya Microsoft ilitoa Kinect, kamera inayotambua mwendo wa mwili mzima bila kushika kitu. Siku chache tu baada ya kutoka kwake, kijana mmoja wa Hispania, Héctor Martín, aliunganisha Kinect na kompyuta ya kawaida, akapata zawadi ya dola 3,000 iliyotolewa na duka la Adafruit la New York. Mwanzoni Microsoft haikufurahi. Mwaka uliofuata, 2011, yenyewe ilitoa programu za kuwawezesha watu kuiunganisha na kompyuta. Mwaka 2017 iliacha kuitengeneza Kinect, lakini waliojifunza kuiunganisha hawakuachwa mikono mitupu.

Na liko neno la tatu, ambalo halisemwi barazani bali hunong'onwa bwenini: kwamba kitu kimetoka Nakivale, basi kimeokotwa. Neno hili lanichukiza. Makazi ya Nakivale yalianza mwishoni mwa miaka ya 1950 kwa wakimbizi kutoka Rwanda, na leo yana watu zaidi ya 100,000 kutoka Kongo, Burundi, Somalia, Rwanda na kwingineko. Mahali hapo mtu hajifunzi kutupa kitu, hujifunza kukiuliza, “Wewe wafaa kazi gani nyingine?” Hilo ndilo swali la mwanasayansi. Shule ikilifungia kabatini swali hilo, itakuwa imefungia kitu kikubwa kuliko rimoti.

Kwa hiyo naliomba baraza likubali mambo manne. Mosi, rimoti ikae maabara siku zote, isilale bwenini hata usiku mmoja. Pili, itumike Jumamosi baada ya kazi za mikono, mbele ya mwalimu wa fizikia, na kila aitumiaye aandike katika daftari alichopima na alichopata. Tatu, asiyeandika kipimo asiiguse wiki inayofuata. Nne, betri zilizokufa zirudishwe kwa mwalimu, zisitupwe chooni wala shambani.

Nanyi wakubwa zetu mlioko Kampala, Nairobi, London na kwingineko, neno langu kwenu ni fupi. Huenda mna sanduku la Wii lililokufa, au watoto wenu wameliacha chini ya kabati. Msilitupe. Televisheni hatuitaki, wala kanda za michezo hatuzitaki. Tuleteeni rimoti zake, hata moja moja, hata isiyo na kifuniko cha betri. Haba na haba hujaza kibaba. Rimoti kumi ni meza kumi za maabara, na meza kumi ni darasa zima linalopima badala ya kukariri.

Mwanafunzi wa Kidato cha Sita