Tunampenda Myahudi Asiyekuwepo

Juzi nilipanda mathree Kangemi nikienda tao. Dereva alikuwa ametundika bendera ya Israeli kwenye kioo cha mbele, na redioni pasta fulani alikuwa akiombea amani ya Yerusalemu. Tukapita Westlands, tukapita Museum Hill, jam ikatushika kwa raundabauti ya University Way. Nikamwonyesha jamaa niliyekaa naye jengo lenye ukuta na walinzi.

"Unajua hiyo ni nini?"

"Si ni ubalozi flani?"

"Ni sinagogi."

"Zii! Kwani kuna Wayahudi Nairobi?"

Wapo, na wamekuwepo tangu mji huu ukiwa mabati na matope. Sinagogi yao ya kwanza ilifunguliwa 1913. Abraham Block alifika 1903 akitokea Afrika Kusini, akahangaika na kilimo, na mwaka 1927 akanunua Norfolk Hotel. Israel Somen alikuwa meya wa Nairobi miaka ya 1955 hadi 1957. Mbona basi tunaijua bendera na hatuwajui majirani?

Jibu langu halitawafurahisha watu wa kwetu. Sisi Wakristo wa Nairobi tunampenda Myahudi wa Biblia, na tunamngojea Myahudi wa unabii. Huyu wa katikati, anayelipa stima na kukwama jam kama sisi, hatuna haja naye.

Nikiwa na miaka kumi niliigiza Ijumaa Kuu kanisani. Tulikuwa watoto kama ishirini, tumevaa leso kichwani na ndevu za pamba, na jina letu kwenye karatasi lilikuwa "Wayahudi". Kazi yetu ilikuwa moja tu: kupiga kelele "Msulubishe!" Aliyeigiza Yesu hakuandikwa Myahudi. Maria hakuandikwa. Petro hakuandikwa. Sisi wenye kelele tu. Baada ya igizo mzee mmoja akatuambia, "Mmeona sasa vile Wayahudi walimfanyia Bwana." Jumapili tukaimba Sayuni na kupiga makofi, na hakuna aliyeona ajabu.

Msiniambie ni mchezo wa watoto. Pasaka ya 1903, mjini Kishinev katika himaya ya Urusi, Wakristo waliwavamia majirani zao Wayahudi na kuwaua karibu hamsini. Miezi michache baadaye serikali ya Uingereza ikapendekeza kwa Theodor Herzl kwamba Wayahudi wapewe ardhi huku kwetu, Uasin Gishu. Walowezi wa Kizungu, Lord Delamere akiwa mstari wa mbele, wakapinga vikali: hawakutaka Wayahudi maskini wawe majirani zao. Wanandi na Wamaasai hakuna aliyewauliza. Mwaka 1905 Wazayuni wenyewe wakaukataa mpango huo. Vita vilipoanza 1939, Wayahudi waliomkimbia Hitler hadi Kenya walishikwa kama maadui, eti kwa sababu ni Wajerumani. Baadhi ya wanawake na watoto wao wakazuiliwa Norfolk, hoteli ya Myahudi mwenzao.

Najua utasema: lakini sisi tunawapenda! Tunabariki Israeli ili tubarikiwe, Mwanzo 12. Hayo si mapenzi, ni biashara. Na kuna aliyetutangulia. Mwaka 1523 Martin Luther aliandika akitetea Wayahudi watendewe wema, akitumaini wataokoka. Hawakuokoka. Mwaka 1543 akaandika kwamba sinagogi zao zichomwe. Walutheri wa leo wameyakana maandishi hayo, lakini somo limebaki: ukimpenda mtu kwa sababu ya nafasi uliyompa kwenye hadithi yako, siku akiikataa hiyo nafasi utamgeukia.

Na nyinyi mnaoandamana mtandaoni kuhusu Gaza msianze kunipigia makofi. Ilaani serikali ya Israeli, una haki, na maiti za watoto hazihitaji ruhusa ya mtu kuliliwa. Lakini mzee anayeenda kusali Jumamosi pale University Way si baraza la mawaziri la Netanyahu. Tarehe 31 Desemba 1980 bomu lililipuka Norfolk na kuua watu wapatao ishirini, na wengi waliamini ni kisasi kwa sababu Kenya iliisaidia Israeli wakati wa Entebbe. Waliokufa ni watu waliokuwa hotelini usiku huo. Huo ukuta wa sinagogi haukujengwa kwa maringo.

Kanisa Katoliki lilitamka mwaka 1965, kwenye Mtaguso wa Pili wa Vatikano, kwamba mateso ya Yesu hayawezi kuwekwa juu ya Wayahudi wote wa wakati ule wala wa leo. Msalaba ulikuwa adhabu ya Kirumi, na amri ilitoka kwa Pilato. Tamko hilo lina umri kuliko wazazi wa wengi wetu, na bado halijafika kwenye karatasi za igizo.

Mwaka huu mpwa wangu amechaguliwa kuigiza, kanisa lile lile. Nikaenda kumwona mwalimu wake wa Sunday school. Nikamwambia: kama ni kuandika "Wayahudi", basi andika kwa kila mtu jukwaani isipokuwa Pilato na askari wake. Anza na Yesu. La sivyo mtoto hachezi.

Akaniangalia kama mtu amekuja kumharibia Pasaka. Akasema ataongea na pasta. Bado nangoja.