Kibarua wa miaka sita anapougua

Mama mmoja anayefagia barabara za Kariakoo alikuja kwangu mwezi uliopita na presha ya 180 kwa 110. Dawa anazo nyumbani. Aliziacha kwa sababu zinamkojoza, na saa kumi na moja alfajiri barabarani hakuna choo. Nilipotaka kumwandikia mapumziko ya siku tatu akanishika mkono: "Daktari, usiandike. Nikipeleka ED, keshokutwa nafasi yangu kapewa mwingine." Ni kibarua wa ofisi ya serikali, analipwa kwa siku, huu mwaka wa sita.

Huenda msomaji wangu ni wewe, au ni mzazi wako. Nawaona wafagiaji, walinzi na wasafisha wodi ambao kazi yao haiishi lakini ajira yao ni ya "muda". Presha na kisukari hazitibiwi kwa siku moja, na kifua kikuu kinahitaji dawa miezi sita bila kukatiza. Anayekosa ujira kila anapokuja kliniki ataacha kuja, hata tumwelimishe vipi.

Wengi hudhani kibarua hana haki yoyote. Si kweli. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inasema hata aliyeajiriwa kwa vipande vipande na mwajiri yuleyule, vikizidi jumla ya miezi sita katika mwaka, anastahili likizo ya malipo. Likizo ya ugonjwa ni siku 126 katika miezi 36: 63 za kwanza kwa mshahara kamili, 63 zinazofuata kwa nusu. Ya uzazi ni siku 84. Na Sheria ya Taasisi za Kazi inamchukulia mtu kuwa mwajiriwa, mpaka ithibitishwe vinginevyo, ikiwa amemfanyia mtu kazi wastani wa saa 45 kwa mwezi kwa miezi mitatu.

Kudai ajira ya kudumu mahakamani ni mlima mwingine. Kwetu kazi ya serikali hupitia kibali na usaili wa Sekretarieti ya Ajira, hivyo miaka mingi ya ukibarua peke yake haikupi nafasi hiyo. India nako zilikuwepo hukumu za kuwafungia mlango vibarua wa serikali. Lakini Desemba 2024 Mahakama ya Juu ya huko iliamuru wafagiaji wa Tume Kuu ya Maji, walioondolewa ghafla mwaka 2018 baada ya miaka mingi, warudishwe na wathibitishwe kazini. Hoja iliyowabeba ni kwamba kazi yao ilikuwa ya kila siku na ya lazima. Hukumu hiyo haiwafungi majaji wetu, ila hoja yenyewe inafaa kusikilizwa hata hapa.

Ukiachishwa kazi, usikae nyumbani ukisubiri kuitwa. Mgogoro wa kuachishwa hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, ndani ya siku 30. Madai mengine ndani ya siku 60. Mtumishi wa umma hutakiwa kumaliza kwanza ngazi za rufaa za utumishi, kwa hiyo muone mwanasheria au chama cha wafanyakazi wiki hiyohiyo, uulize unaanzia wapi.

Upande wangu ni karatasi. Bila cheti cha daktari mwajiri anaweza kukataa kulipa siku za ugonjwa. Omba cheti chenye jina lako kamili, tarehe na mhuri, ubaki na nakala. Tunza kadi ya kliniki na ujumbe wa malipo kwenye simu, na andika kwenye daftari siku ulizofanya kazi. Mwajiri asipotoa mkataba wa maandishi mbele ya Tume, ni juu yake kuthibitisha masharti ya kazi, si juu yako.

Na dawa ikikukera, usiache kimyakimya. Njoo useme, tutabadili aina au saa ya kumeza. Yule mama sasa anameza nyingine, akisharudi nyumbani. Cheti nilimwandikia hata hivyo. Alikikunja mara nne akakisukuma kwenye pochi. Jumatatu anakuja kupima tena, ndipo nitajua kama alikipeleka.