Msiwaite Pancha

Ndugu msomaji, leo sikuletei hadithi ya mapenzi wala shairi. Leo nina ugomvi. Nagombana na neno moja dogo tu, ambalo wewe umelitamka, mimi nimelitamka, na watu wanalitamka redioni huku wanacheka. Neno lenyewe ni "pancha".

Kwetu Ifakara tangu zamani pancha ni ya baiskeli. Unatoka shamba na gunia la mpunga nyuma, mwiba unachoma tairi, unashuka, unaziba, unaendelea na safari. Siku hizi pancha ni binadamu. Mchezaji akikosa mechi tatu kwa kuumia, utasikia kijiweni: "Yule? Pancha yule, bwana!" Akikosa sita: "Anakula hela za bure." Akikosa msimu mzima tumeshamzika, na matanga tumeshaanua.

Mtasema huu ni utani tu, mwandishi anakuza mambo. Mimi nasema hapana. Neno hili linavunja miguu ya watu, na ushahidi ninao.

Tuanze na mtu anayejulikana. Shomari Kapombe, beki wa kulia, ni mtoto wa mkoa wetu wa Morogoro. Alipitia Polisi Morogoro, akaingia Simba 2011, akaenda AS Cannes ya Ufaransa, akarudi nchini kuichezea Azam, na 2017 akarejea Simba. Hayo kila mshabiki anayajua. Sasa hebu tuhesabu ambayo watu hawapendi kuyahesabu, yaani mechi alizozikosa na sababu zake.

Mwaka 2016, akiwa Azam, alipata tatizo la damu kuganda kwenye mapafu, akapelekwa Afrika Kusini kutibiwa. Mapafu, jamani! Mwaka 2017 akarudi Simba, na miezi ya mwanzo akaimaliza akiuguza majeraha, huku maneno yakiwa mengi: mbona hachezi, mbona analipwa? Akapona, akacheza. Novemba 2018, Taifa Stars ikiwa kambini Afrika Kusini kujiandaa na mechi ya Lesotho, akavunjika mguu mazoezini. Simba ikafika robo fainali ya Ligi ya Mabingwa Afrika Aprili 2019, yeye hayumo. Taifa Stars ikaenda AFCON ya Misri mwaka huohuo, mara ya kwanza tangu 1980, hayumo. Nchi ilisubiri miaka 39, na akaikosa yeye aliyevunjika mguu akiitumikia nchi hiyohiyo. Akapona tena. Julai 2020, Simba na Azam kwenye Kombe la Shirikisho, akachezewa rafu, akaumia, akatolewa.

Sasa nawauliza nyie wa kijiweni, na mimi nikiwemo: katika orodha hiyo uvivu uko wapi? Damu kuganda ni kutegea kazi? Mguu kuvunjika kambini ni kupenda starehe?

Halafu ikaja tarehe 6 Agosti 2025, mashindano ya CHAN, Uwanja wa Benjamin Mkapa, Tanzania na Mauritania. Dakika ya 89, hakuna aliyefunga. Aliyefunga goli lile moja la ushindi ni Kapombe, ana miaka 33. Nilikuwa kwenye kibanda umiza. Watu waliruka juu ya mabenchi hadi moja likavunjika. Na walioruka juu zaidi ni walewale, nawajua kwa sura, waliokuwa wakimwita pancha.

Lakini msinielewe vibaya. Sisemi aheshimiwe kwa sababu alifunga. Hapo ndipo tunapokosea siku zote: tunamsamehe mtu kuumia pale tu anapotulipa goli. Angepiga nje siku ile, bado yale mapafu yangekuwa yaliugua kweli, na ule mguu ungekuwa ulivunjika kweli.

Tena Kapombe alikuwa na mkataba, daktari na tiketi ya ndege. Sasa njoo nikuonyeshe asiye navyo.

Mtaani kwetu tulikuwa na beki wa kulia. Jina lake silitaji, sisi tulimwita Kapombe kwa vile alivyokuwa akipanda na kushuka ubavuni dakika tisini bila kuchoka. Miaka 21, umri sawa na wangu wakati ule. Kwetu mpunga ukishavunwa na watu wana vijihela, ndipo mashindano ya mbuzi yanapochangamka. Timu zinatoa kiingilio, mshindi anaondoka na mbuzi na hela kidogo. Kwenye nusu fainali Kapombe wetu aligeuka vibaya, goti likavimba kama papai. Tukamfanyia tunayoyajua wote: maji moto, chumvi, dawa ya kuchua, na barafu ya mfuko wa shilingi mia. Wiki mbili baadaye ni fainali. Akasema, "Washikaji, goti linaachia. Nikikanyaga nasikia kama si langu."

Mimi ndiye niliyemjibu, mbele ya timu nzima. Nilimwambia, "Acha upancha, bwana. Funga bandeji, ingia."

Wote wakacheka. Naye akacheka. Akafunga bandeji, akaingia.

Dakika ya ishirini na kitu alianguka peke yake. Hakuna aliyemgusa. Mlio wa lile goti niliusikia nikiwa mbali, na mpaka leo nikisikia kuni kavu ikikatika nashtuka. Ile fainali tulishinda. Mbuzi tukamla, naye akaletewa paja lake nyumbani amelala kitandani.

Hospitali wakasema nyuzi za goti zimekatika, inatakiwa operesheni, na operesheni ya namna ile ni safari ya Dar es Salaam na hela ambayo nyumba yao haijawahi kuiona kwa pamoja. Leo anaendesha bodaboda ya mtu. Anashuka kwa mguu mmoja. Shambani haendi tena, maana shamba la mpunga ni tope, na goti lile haliwezi tope. Mama yake bado ananiita "mwanangu" nikipita. Kha! Afadhali angenitukana.

Sasa wabishi mtasema: mpira ni kazi ya miguu, asiyeweza akae kando. Sawa, nakubali kwamba ni kazi. Lakini kazi ina taratibu zake. Mkata miwa wa Kidatu akijikata na panga, husemi "pancha yule", unasema kaumia kazini. Nchi hii ina sheria ya fidia kwa wafanyakazi ya mwaka 2008, na mfuko wa fidia ulioanza kazi 2015. Hata FIFA, tangu 2012, ina mpango wa kuilipa klabu mshahara wa mchezaji aliyeumia akiitumikia timu ya taifa, akikaa nje zaidi ya siku 28. Yaani matajiri wa Zurich wamekubali kwamba kuumia ni gharama ya kazi, si tabia mbaya ya mtu. Sisi wa kibanda umiza tunajua zaidi?

Tazameni na Wamarekani na ule mpira wao wa kushika kwa mikono. Katika ligi yao ya NFL, kila wiki klabu inalazimika kutangaza nani kaumia, kaumia wapi, na mazoezini kafanya yote, kafanya nusu au hakufanya kabisa. Sisemi ni malaika, maana utaratibu huo una mkono wa kamari ndani yake. Lakini faida yake ni kwamba mshabiki anajua. Mchezaji wao mmoja, Rob Gronkowski wa New England Patriots, msimu wa 2013 alicheza mechi 7 tu kati ya 16, na Desemba nyuzi za goti zikakatika. Yote yalikuwa wazi. Alitibiwa, akangojwa, na Februari 2015 akafunga kwenye fainali yao kubwa, Super Bowl. Kwetu klabu inasema "ana matatizo madogo", miezi inapita, na kwenye ukimya huo ndipo uvumi unapofanya makazi: karogwa, kalewa, kagoma. Na yule ambaye mkeka wake wa kubeti umechanika ndiye anayetukana kwa sauti kubwa kuliko wote.

Kwa hiyo nadai mambo matatu. Moja, klabu zetu za ligi zitangaze majeruhi wao kwa ukweli, kila wiki. Mbili, waandaaji wa mashindano ya mtaani, kuanzia haya yetu ya mbuzi, watenge sehemu ya viingilio kwa matibabu kabla hata mbuzi hajanunuliwa, na mchezaji anayesema "naumwa" asilazimishwe na mtu yeyote. Tatu, hili neno lirudi kwenye baiskeli lilikotoka.

Na nyie waandishi chipukizi wenzangu, msijifiche nyuma yangu. Sisi tuna kesi yetu. Mimi nina mswada wa riwaya kwenye madaftari manne. Shujaa wangu ni mshambuliaji. Anapigwa teke sura ya tatu, anainuka, sura ya nne anafunga. Hana goti, hana enka, hana siku moja ya kulala kitandani akisikiliza mechi ya wenzake redioni. Nilimwandika hivyo kwa sababu hivyo ndivyo nilivyotaka rafiki yangu awe. Tunaandika magoli, kwa sababu goli linapigiwa makofi. Ile miezi ya nje hatuiandiki, wakati mtu anapimwa utu wake huko. Sura ya nne nimeichana, naiandika upya.

Nimebakiza jambo moja. Kapombe wetu sijawahi kumwomba radhi. Nimepanda pikipiki yake mara nyingi, tumeongea habari za Simba na Yanga, nimemlipa nauli, nimeshuka. Hili sijaligusa. Nimeanza kwa kalamu kwa sababu mdomo ulikuwa mzito. Jumamosi nakwenda kwao, na gazeti hili nitakuwa nalo mkononi.

Naomba kutoa hoja.