Ndoo ya Makombo na Soko la Nguruwe

Katika makao ya wakimbizi ya Dzaleka, wilayani Dowa, kiasi cha kilometa 45 kaskazini ya Lilongwe, ndoo ya makombo ni mali. Maganda ya viazi, ukoko wa ugali, maji ya kuoshea sufuria na mabaki ya vibanda vya chakula vya sokoni hayamwagwi ovyo palipo na mwenye nguruwe. Wamalawi humwita mnyama huyo nkhumba, na nyama yake iliyokatwa vipande na kukaangwa kando ya soko ni moja ya zile waziitazo kanyenya. Wasemao Kiswahili wa Dzaleka, ambao wengi wao ni watu wa Kongo, Burundi na Rwanda, humwita nguruwe tu. Waliopata kuishi Tanzania hutaja kitimoto, na kucheka kidogo.

Mtu aweza kudhani kwamba habari ya ndoo hiyo ni ya uani, na kwamba biashara ya nje ya mataifa makubwa ni habari nyingine kabisa. Sivyo ilivyo. Mwaka 1957 homa ya nguruwe ya Afrika ilivuka bahari kwa mara ya kwanza ikatua Ureno, na inaelezwa kwamba iliingia kwa njia ya makombo ya chakula cha ndege waliyopewa nguruwe karibu na uwanja wa ndege wa Lisbon. Mwaka 1960 ilirudi tena, ikaingia na Hispania, na nchi hizo mbili zilihangaika nayo mpaka miaka ya 1990. Ndoo moja ya makombo, na miaka zaidi ya 30 ya hasara!

Nchi inayojua thamani ya jambo hili kupita nyingi ni Denmark. Ina watu wapatao milioni 6 tu, lakini kwa mwaka mmoja huzalisha nguruwe karibu milioni 30, na kiasi cha sehemu tisa kati ya kumi za nyama yao huuzwa nje. Utajiri huo haukushuka kutoka mbinguni. Katika miaka ya 1870 na 1880 nafaka ya bei rahisi kutoka Marekani na Urusi ilifurika katika masoko ya Ulaya, na mkulima wa Denmark aliyekuwa akiuza nafaka akaona bei inaanguka mbele ya macho yake. Akageukia ng'ombe wa maziwa na kutengeneza siagi. Sasa, katika kutengeneza siagi hubaki maziwa yaliyokwisha kutolewa mafuta. Na maziwa hayo, ambayo hayakuwa na mnunuzi, wakapewa nguruwe. Mama yeyote wa Dzaleka angeielewa hesabu hiyo bila kufundishwa: nguruwe ni mnyama wa kugeuza kisichouzika kuwa kinachouzika.

Nguruwe wa Denmark walikuwa wakipelekwa Ujerumani wakiwa hai. Mwaka 1887 Ujerumani ikaufunga mpaka wake kwa nguruwe hao, kwa hoja ya kuogopa ugonjwa. Lingekuwa pigo la kuua. Walakini mwaka huo huo wakulima wa sehemu za Horsens walifungua machinjio yao ya kwanza ya ushirika, wakajifunga kwa mkataba kwamba kila mwanachama atapeleka nguruwe wake hapo na si kwa mchuuzi, nao wakaanza kuwauzia Waingereza bekoni. Kuanzia mwaka 1896 walianzisha vituo maalumu vya kuzalisha nguruwe wa aina ya Landrace, mwenye mgongo mrefu, kwa kuwa Mwingereza alitaka kipande kirefu cha bekoni kisicho na mafuta mengi. Mnunuzi alipotaka mgongo mrefu, nguruwe alirefushwa mgongo! Ushirika uitwao Danish Crown, mmoja wa wauzaji wakubwa wa nyama ya nguruwe duniani, ni mtoto wa machinjio hayo ya zamani, na wenyewe bado ni wakulima.

Dzaleka haina machinjio ya ushirika wala bekoni. Ilikuwa gereza la wafungwa wa siasa katika enzi ya Rais Kamuzu Banda, ikafanywa makao ya wakimbizi mwaka 1994, ikakusudiwa watu wapatao elfu kumi; leo imepita elfu hamsini. Hata hivyo nayo ina soko lake la nje, nalo ni Lilongwe. Neno hilo si la mzaha. Kwa utaratibu wa Malawi mkimbizi hutakiwa kukaa kambini, na kutoka kwake kwahitaji kibali. Mwaka 2023 serikali ilianza kuitekeleza kwa nguvu amri ya kuwarudisha Dzaleka wale waliokuwa wakiishi na kufanya biashara mijini, na maduka mengi ya wakimbizi huko Lilongwe yakafungwa. Kwa hiyo mfugaji wa Dzaleka yuko umbali wa saa moja ya gari kutoka mji mkuu wenye hoteli, bucha na vibanda vya kanyenya vya kila namna, lakini kati yake na mnunuzi pana mpaka kama ule wa mwaka 1887. Anayeuvuka mpaka huo ni mchuuzi, na faida ya safari ni ya mchuuzi.

Chukua mfano wa mama mmoja mwenye jike na nguruwe wawili wa kunenepesha katika banda la miti nyuma ya nyumba. Ada ya shule na sare za watoto zinamngoja mwezi wa Septemba. Mgao wa chakula kambini umepunguzwa mara kadhaa katika miaka hii, na fedha ya kwacha ilishushwa thamani mwezi Mei 2022 na tena Novemba 2023, ikapandisha kila kitu. Nguruwe wale wawili ndio benki yake. Mchuuzi anapofika hutazama banda, huvuta mdomo, hutaja bei. Mizani hana. Mama naye hana mizani, na hapo ndipo anapoibiwa mchana kweupe bila mtu kuvunja sheria yoyote.

Kwa bahati njema, utepe wa fundi cherehani watosha. Nguruwe apimwe asubuhi kabla hajala. Mzingo wa kifua upimwe nyuma ya miguu ya mbele. Kisha urefu upimwe juu ya mgongo, kuanzia katikati ya masikio mpaka shina la mkia. Vipimo vyote viandikwe kwa meta. Mzingo uzidishwe kwa mzingo, jawabu lizidishwe kwa urefu, kisha lizidishwe kwa 69.3, litakalopatikana ni uzito wa nguruwe kwa kilo, kwa makadirio ya karibu sana. Nguruwe mwenye mzingo wa meta 1 na urefu wa sentimeta 95 ana kiasi cha kilo 66. Akichinjwa na kusafishwa hubaki na nyama, pamoja na mifupa, ya kilo kama 47. Baada ya hapo mama aulize tu bei ya kilo moja katika bucha za Lilongwe, na simu za kuulizia hazikosekani Dzaleka. Mchuuzi ana haki ya nauli na jasho lake. Hana haki ya kilo kumi zisizohesabiwa.

Lakini iko siku ambayo utepe haufai kitu. Siku hiyo mchuuzi huja na uso mwingine.

"Amayi," husema, "homa iko vijiji vya jirani. Nguruwe wanakufa. Nipe hawa leo kwa nusu ya bei, kesho hutapata hata hiyo."

"Achimwene, wangu wanakula vizuri."

"Hata wale walikuwa wanakula vizuri juzi."

Mchuuzi hasemi uongo. Homa ya nguruwe ya Afrika huua karibu kila nguruwe inayempata katika sura yake kali: joto kupanda, kuacha kula, masikio na tumbo kuwa mekundu au ya zambarau, kisha kifo katika siku chache. Haina dawa. Chanjo zilizoidhinishwa huko Vietnam mwaka 2023 hazijawa kitu cha kawaida katika mabanda ya Afrika. Binadamu haimpati, hata akila nyama yake, na hilo huwafanya wengi waione si kitu. Ubaya wake ni kwamba virusi vyake hukaa katika nyama mbichi, iliyogandishwa, hata iliyokaushwa, kwa muda mrefu. Na hivyo nguruwe aliyeuzwa kwa nusu bei leo, akachinjwa Lilongwe kesho, huweza kurudi keshokutwa akiwa ngozi na mifupa ndani ya ndoo ya makombo ya mtu mwingine.

Huo ndio mtihani wa mama yule. Akiuza, atapata nusu ya ada, na huenda akawa amepeleka msiba kwa mama mwenzake asiyemjua. Asipouza, huenda akazika wote watatu. Ni rahisi kwa mtu aliyeketi ofisini kumwambia asiuze. Hata hivyo jibu la kweli ni hilo hilo: nguruwe waliokaa karibu na ugonjwa wasiondoke bandani, bwana mifugo aitwe mara moja, na aliyekufa azikwe shimo refu bila kupasuliwa. Kuuza kwa hofu ndiyo njia kuu inayotumiwa na homa hii kusafiri, kwani nguruwe hawapandi baiskeli wenyewe.

Walio matajiri nao wanaijua hofu hiyo. Tarehe 10 Septemba 2020 Ujerumani ilitangaza kwamba mzoga wa nguruwe mwitu mmoja uliookotwa katika jimbo la Brandenburg umekutwa na homa hii. Hakuna nguruwe wa kufugwa hata mmoja aliyekuwa ameonekana kuugua. Walakini China, Japani na Korea ya Kusini zilifunga milango yao mara moja, na bei aliyolipwa mkulima wa Kijerumani ikaanguka katika siku chache. Denmark ilikuwa imekwisha kujihami: katika mwaka 2019 ilijenga uzio wa kilometa 70 katika mpaka wake na Ujerumani ili kuzuia nguruwe mwitu, na malori yaliyopeleka nguruwe nje hayaruhusiwi kuwarudia wafugaji kabla ya kuoshwa na kunyunyiziwa dawa.

La kustaajabisha ni kwamba uzio huo wa Denmark una asili yake huku. Homa hii ilielezwa kitaalamu kwa mara ya kwanza huko Kenya, katika maandishi ya mwaka 1921. Katika pori makazi yake ni ngiri na papasi, wale papasi wanaojificha katika nyufa za kuta na sakafu za udongo. Mwaka 1983 virusi vyake vilipatikana ndani ya papasi waliokusanywa mahali paitwapo Chalaswa, hapa hapa Malawi, na aina hiyo inajulikana katika maabara za Ulaya kwa jina la Malawi Lil-20/1. Aina nyingine, yenye asili ya pande za kusini mashariki mwa Afrika, ilitokea Georgia mwaka 2007, ikaenea Urusi, Poland, kisha mwaka 2018 ikaingia China na kumaliza mamilioni ya nguruwe. Wakati huo Wadenmark waliiuzia China nyama nyingi kwa bei nzuri. Mfugaji wa Dowa, ambaye papasi ni jirani yake wa siku zote, hakuuza hata kilo moja.

Basi turudi uani. Banda liinuliwe kutoka ardhini kwa miti, nyufa zizibwe, nguruwe wasizurure. Kuzurura kuna ubaya wa pili, kwa maana nguruwe anayekula kinyesi cha watu hupata mayai ya tegu, na nyama yake huonekana na punje nyeupe kama za mchele. Nyama ya namna hiyo isinunuliwe, na hata iliyo safi iive mpaka ndani. Kuna na sababu ya tatu, ambayo haimo katika vitabu vya mifugo. Dzaleka ina Waislamu wengi, na nyumba zimebanana. Nguruwe aliyeingia katika ua wa jirani Mwislamu ameharibu zaidi ya bustani.

Kuhusu makombo, kanuni ya wataalamu ni kuyachemsha nusu saa nzima huku yakikorogwa. Kanuni ni nzuri, ila aliyeitunga hakununua kuni Dzaleka, ambako miti ya karibu imekwisha na mkaa ni wa fedha. Kwa hiyo njia iliyo nafuu ni kuyachagua makombo kabla hayajaingia ndoo: ya mboga, maganda na ugali wa nyumbani yapelekwe bandani; yoyote yaliyogusana na nyama ya nguruwe, hasa yatokayo kwenye vibanda vya kanyenya, yafukiwe hata kama ni mengi na yananukia. Mchuuzi asiingie bandani na viatu vyake, wala baiskeli yake iliyobeba nguruwe wa wengine isiegemezwe hapo. Asimame nje ataje bei.

Chakula kingine ni pumba za mahindi, majani ya viazi vitamu na mabua ya maharage. Pumba nazo zina mwaka wake. Machi 2024 Rais wa Malawi alitangaza hali ya maafa katika wilaya 23 kati ya 28 kwa sababu ya ukame, na katika mwaka wa namna hiyo pumba huliwa na watu. Jike mwenye mimba hubeba miezi mitatu, wiki tatu na siku tatu; kwa hiyo mama mwenye kuona mvua zimekatika mwezi wa Januari aweza kuhesabu mapema kama watoto wa nguruwe watakaozaliwa watakuta cha kula, na kama hawatakuta, amzuie jike asipandwe mwaka huo, auze mmoja angali na mwili, na asubiri viazi.