Mali bila Daftari



Hapa Binza twasikia wengi wakisema kwamba babu zetu hawakuacha maandishi, hivyo historia yetu imezikwa pamoja nao. Hatukubali. Sheria na mila za Wasukuma zimo katika kitabu cha Hans Cory kilichochapwa mwaka 1953. Padre David Clement alikusanya urithi wetu pale Bujora, karibu na Mwanza. Nayo Kanuni ya 535 ya Sheria za Kanisa yaagiza kila parokia itunze vitabu vya ubatizo, hata vile vya zamani.

Basi kilichopungua si maandishi, ni bidii yetu. Kitabu cha ubatizo twakikumbuka siku ya kutafuta cheti cha kufungia ndoa tu! Mathayo aanza Injili yake kwa kutaja mababu. Sisi twakwama kwa babu wa tatu. Nao wazee walioushuhudia utemi kabla haujafutwa mwaka 1963 wanazidi kutuaga.

Mali bila daftari hupotea bila habari. Ukoo nao vivyo hivyo. Jumapili hii kila familia ikae na mzee wake, iandike majina, kisha ije kuyalinganisha na vitabu vya parokia. Tusiwaachie mchwa urithi wa wajukuu wetu.