Dhamana: jina la shtaka linapofunga mlango



Mama mmoja wa Mbagala alinijia baada ya swala ya Ijumaa akiwa na bahasha mkononi. Ndani mlikuwa na barua ya serikali ya mtaa, nakala za vitambulisho vya wadhamini wawili, na hati ya kiwanja alichoachiwa na marehemu mumewe. Mwanawe ameshtakiwa kwa unyang'anyi wa kutumia silaha. Mara tatu ameibeba bahasha ile hadi mahakamani, na mara tatu haikufunguliwa. Mara ya mwisho mtu asiyemjua alimnong'oneza nje ya ukumbi kuwa kwa laki tano dhamana ingepatikana. Mama akaanza kutafuta mnunuzi wa kiwanja.

Nilimwambia asiuze. Sababu yake inafaa ijulikane na kila familia.

Katika makosa mengi, dhamana ni haki ya mshtakiwa. Hakimu hupima mambo machache: je, atarudi mahakamani siku ya kesi? Ataingilia mashahidi? Wadhamini wake wanaaminika? Hapo ndipo bahasha ya mama ingekuwa na kazi.

Katika makosa mazito, mizani hiyo haitumiki. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, katika kifungu kilichofahamika kwa miaka mingi kama cha 148(5), imeyataja makosa yasiyo na dhamana: mauaji, uhaini, unyang'anyi wa kutumia silaha, ugaidi, utakatishaji fedha na mengineyo. Hakimu hapimi mtu. Anasoma jina la shtaka. Anayeshtakiwa kwa kuua bila kukusudia aweza kudhaminiwa. Anayeshtakiwa kwa mauaji hawezi. Na anayechagua jina hilo ni upande wa mashtaka, si mahakama.

Majaji wetu wamevutana juu ya jambo hili. Mwaka 2018, katika shauri la Jeremia Mtobesya, Mahakama ya Rufani ilikubali kuwa Mkurugenzi wa Mashtaka hawezi kuzuia dhamana kwa hati yake tu. Mei 2020, katika shauri la Dickson Sanga, Mahakama Kuu ilikitangaza kifungu cha 148(5) kuwa kinyume cha Katiba. Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikatengua uamuzi huo, na orodha ikabaki.

Msomaji ataniuliza: na jamaa wa aliyeuawa, hawana haki? Wanayo, tena kubwa. Lakini haki yao hutimizwa kwa kesi kusikilizwa, si kwa mshtakiwa kuketi mahabusu miaka mingi bila ushahidi kutolewa. Hatujawasahau masheikh wa Uamsho kutoka Zanzibar, akina Sheikh Farid Hadi na Sheikh Mselem Ali, walioshtakiwa kwa ugaidi hapa Dar es Salaam mwaka 2014. Walitoka Juni 2021, baada ya Mkurugenzi wa Mashtaka kuyaondoa mashtaka. Watoto wao walikua bila baba nyumbani, wala mahakama haikutamka kuwa wana hatia, wala kuwa hawana.

Nabii Yusuf (a.s.) alipoitwa atoke gerezani, hakukimbilia mlango, alitaka kwanza jambo lake lichunguzwe na jina lake lisafishwe. Katika fikihi yetu, asili ya mtu ni kutokuwa na hatia hadi ithibiti. Katiba yetu nayo, katika ibara ya 13, inasema vivyo hivyo. Kwa hiyo, palipo na katazo la dhamana, la kudai kwa sauti ni upelelezi ukamilike na kesi isikilizwe upesi.

Basi, mkipatwa na mtihani huu, ulizeni kwanza jina kamili la shtaka na kama lina dhamana. Tafuteni wakili, au watoa msaada wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Hudhurieni kila kesi inapotajwa, mkiandika tarehe na sababu ya kuahirishwa. Na anayewauzia dhamana iliyokatazwa na sheria anawauzia hewa. Kumpa fedha ni hasara ya mali na dhambi ya rushwa.

Mama yule amekirudisha kiwanja chake kwenye bahasha. Kesi ya mwanawe itatajwa tena wiki ijayo, naye atakuwepo.

Wabillahi tawfiq.